MAMBO YA NYUMBANI: Bilula Haishindwi kwa Nguvu

Ni desturi ya watu wengi, waonapo bilula ya beseni la kunawia ikitona, kuikaza zaidi. Siku ya kwanza huikaza kwa vidole, siku ya pili kwa kiganja, na siku ya tatu kwa koleo. Bilula, au mfereji kama wengi waitavyo, hunyamaza kwa muda, kisha hutona kuliko kwanza. Kosa hili si la wavivu, bali ni la watu wenye bidii wasiojua yaliyomo ndani ya chombo wakishikacho kila asubuhi.

Mwalimu mmoja mstaafu katika Kaunti ya Murang'a alifanya hivyo miezi miwili. Nyumba yake hutegemea maji ya mvua yakusanywayo katika tangi. Ilipofika Februari tangi lilipigwa konzi likalia tupu, na mvua za masika zilikuwa bado. Ndipo alipoitwa fundi jirani, kijana ambaye zamani alikuwa mwanafunzi wake. Alipoifungua bilula, mpira ulikuwa umekatika vipande.

"Mwalimu, uniwie radhi," alisema kijana. "Bilula haishindwi kwa nguvu. Mpira huu ungalibadilishwa mapema, shaba isingalichimbika. Sasa hatuna budi kununua bilula nzima."

"Kumbe mimi mwenyewe ndiye niliyeiharibu," mwalimu akajibu.

Hasara ya tone si ndogo. Matone 20 hivi hufanya mililita moja. Bilula itonayo mara moja kwa kila sekunde hutoa matone 86,400 kwa siku, yaani zaidi ya lita 4, na kwa mwezi mmoja lita 130 hivi. Hayo ni zaidi ya madebe sita. Mwenye tangi huyapoteza wakati wa kiangazi, na mwenye mita huyalipia. Tena maji hayaji bure hata mjini: baadhi ya maji ya Mombasa hutoka chemchemi za Mzima huko Tsavo, mwendo wa zaidi ya kilomita 200 ndani ya mabomba. Kuyaleta mbali kiasi hicho, kisha kuyaacha yaanguke katika tundu la beseni, ni aibu.

Bilula ya kawaida hufanya kazi hivi. Mkono wake huzungusha skrubu, na skrubu hushusha kipande kidogo cha mpira, kiitwacho washa, hata kikalie ukingo wa tundu la shaba na kuziba njia ya maji. Washa ikichakaa, maji hupenya. Aikazaye kwa nguvu huikata kabisa, na ikiisha kukatika chuma husaga ukingo ule. Basi mpira wa bei ndogo umegeuka kuwa bilula ya bei kubwa.

Kuubadilisha mpira si kazi ngumu, ila yataka utaratibu. Kwanza afunge maji chini ya beseni, au kwenye bilula kuu ya nyumba, kisha afungue ile mbovu mpaka maji yaliyobaki yaishe. Azibe tundu la beseni kwa kitambaa, maana skrubu ndogo ikitumbukia humo kazi huwa mbili. Atoe kifuniko kidogo kilicho juu ya mkono, afungue skrubu, auondoe mkono. Ndani ataona kichwa cha shaba. Akishike kwa spana, akizungushe kinyume cha mishale ya saa, na kwa mkono mwingine aushike mwili wa bilula usizunguke, kwa kuwa beseni la kauri hupasuka upesi.

Kichwa kikitoka, washa huonekana chini yake. Aende nayo dukani, apate ya kipimo kile kile. Asikisie kwa macho. Kabla ya kurudisha kichwa, apitishe ncha ya kidole juu ya ukingo wa shaba. Ukiwa laini, kazi imekwisha. Ukiwa na mikwaruzo, washa mpya haitadumu, na ni afadhali kununua bilula mpya. Wala asipake mpira grisi ya gari, kwa sababu mafuta ya namna hiyo huweza kuuvimbisha na kuuoza.

Bilula nyingi za siku hizi hufunguka kwa robo mzunguko tu. Hizo hazina washa ya namna hii. Zina visahani viwili vya kauri vilivyosuguana vikawa laini. Zikitona, kichwa chote hutolewa na kupelekwa dukani kutafutiwa mwenzake.

Atakayeweka bilula mpya aondoe ya zamani, asafishe tundu la beseni, aweke mpya pamoja na pete yake ya mpira, kisha aikaze nati kwa chini: kwanza kwa mkono, halafu kidogo tu kwa spana. Bomba linyumbukalo lenye mpira mwishoni halihitaji tepu. Tepu ni ya pale hesi za chuma zikutanapo bila mpira, nayo huzungushwa kuelekea upande wa kukazia, isije ikafumuka. Mwisho afungue maji polepole, akaushe maungio yote, akayafunge karatasi kavu. Baada ya robo saa aitazame: karatasi ikilowa, nati yataka kukazwa kidogo tena.

Yafaa kila nyumba iwe na spana moja, bisibisi moja, na washa mbili za akiba katika kisanduku, na kila mkaaji wa nyumba, mkubwa na mdogo, ajue mahali pa kufungia maji. Siku bomba lipasukapo usiku, maarifa hayo ndiyo yatakayookoa magodoro na vitabu vya watoto.

Bilula iliyo nzima hufungwa kwa vidole viwili. Ikidai zaidi ya hapo, yaomba mpira mpya. Mwalimu yule wa Murang'a sasa hufunga yake kwa vidole viwili, na wajukuu wake wamekatazwa kuigusa kwa koleo.