Chumvi ya Darasani na Chumvi ya Nyumbani

Bwana Mhariri,

Naomba nafasi katika gazeti letu la muhula huu nitoe maoni yangu juu ya neno moja dogo, nalo ni neno chumvi. Najua wako watakaocheka na kusema, "Chumvi nayo ni jambo la kuandikiwa gazetini? Hata mtoto mdogo anaijua." Hapo ndipo penye taabu. Neno ambalo kila mtu anadhani analijua ndilo linaloweza kumpoteza. Mimi lilinipoteza, na nyumbani kwetu lilitukosesha mahindi.

Kisa chenyewe ni hiki. Likizo ya Desemba nilikwenda nyumbani, kijiji kisicho mbali sana na hapa Bariadi. Baba alikuwa amenunua mfuko mmoja wa salfeti ya amonia, ile ambayo wauza pembejeo huiita S.A., kwa ajili ya kukuzia mahindi. Muhula uliokwisha tulikuwa tumefundishwa asidi, besi na chumvi, na kichwa changu kilikuwa kimejaa. Nikausoma ule mfuko, kisha nikamwendea Babu alipoketi chini ya mti, nikamwamkia, nikamwambia kwa majivuno, "Babu, ile iliyomo ndani si mbolea tu. Ile ni chumvi."

Babu akauliza, "Chumvi?"

Nikajibu, "Ndiyo, Babu, chumvi kabisa. Ndivyo tulivyofundishwa."

Babu hakusema zaidi. Lakini yafaa msomaji ajue kwamba shamba letu limepakana na kipande cha ardhi ambayo sisi Wasukuma tunaiita ibambasi, ardhi ngumu kama sakafu, ambayo mvua ikinyesha maji husimama juu yake wala hayazami. Hapo haoti mtama wala pamba. Babu anasema ardhi ile iliuawa na chumvi. Jioni akamwita Baba, akamwambia, "Nimesikia toka kwa msomi wako mwenyewe. Maadamu niko hai, chumvi haitaingia shambani kwangu."

Baba hakuweza kumbishia mzazi wake. Mfuko ukaegemezwa ukutani ndani ya ghala, ukavuta unyevu, ukawa mgumu kama jiwe. Mahindi yetu yakaanza kugeuka rangi ya manjano toka majani ya chini, na ya jirani yakawa yamesimama mabichi na marefu. Niliporudi likizo ya Juni nikakuta kihenge hakikujaa. Mama akaniambia neno ambalo sijalisahau: "Mwanangu, ulijifunza jina, hukujifunza maana."

Ndugu wasomaji, Mama alisema kweli. Basi maana ya neno hilo ni nini?

Nyumbani, chumvi ni kitu kimoja tu, nacho ni kile tunachotia mchuzini. Babu hutusimulia kwamba wazee wa zamani walikwenda kwa miguu, mwendo wa siku nyingi, kupita Meatu hadi Ziwa Eyasi, wakarudi na mizigo ya chumvi. Kwa watu kama hao, chumvi haikuwa neno la mzaha. Ilikuwa mali.

Lakini katika kemia, chumvi ni jina la ukoo mzima. Asidi yoyote ina haidrojeni ndani yake. Haidrojeni hiyo ikiondolewa, na mahali pake pakaingia metali, au pakaingia amonia kwa umbo lake la amoniamu, kitu kinachopatikana huitwa chumvi. Asidi ya haidrokloriki ikikutana na magadi makali ya sabuni, yaani haidroksidi ya sodiamu, hupatikana maji pamoja na kloridi ya sodiamu, ambayo ndiyo chumvi ya mchuzini. Asidi ya salfuriki ikikutana na amonia, hupatikana salfeti ya amonia, ambayo ndiyo iliyokuwa ndani ya mfuko wa Baba. Vyote viwili ni chumvi, kama vile mbuzi na simba wote wawili ni wanyama. Lakini hakuna mtu anayeogopa kumfuga mbuzi ati kwa sababu simba naye ni mnyama.

Ukoo huu umetuzunguka pande zote. Mrututu, ile ya rangi ya buluu, ni chumvi ya shaba, wala huthubutu kuitia mchuzini kwa kuwa ni sumu. Shabu inayotumika kuchuja maji ya matope ni chumvi. Magadi tunayopikia maharagwe yalainike ni chumvi ya sodiamu, lakini si ile ya mezani. Mawe ya chokaa kabla hayajachomwa ni chumvi, na ukiyalamba hayana ladha ya chumvi hata kidogo. Hata chaki ambayo mwalimu anaandikia ubaoni ni chumvi. Wenzetu wa Maswa, hapa hapa mkoani kwetu Simiyu, wanajulikana kwa kutengeneza chaki kwa jasi, na jasi ni salfeti ya kalsiamu, chumvi kamili. Kwa hiyo mwalimu anapoandika neno chumvi ubaoni kwa chaki, analiandika kwa chumvi yenyewe.

Sasa tutazame jina ambalo watu wetu wameipa mbolea ya dukani. Wanaiita mbolea ya chumvichumvi. Jina hili limeenea nchi nzima, na bila shaka aliyelitoa aliona chembe zake nyeupe akazifananisha na chumvi. Katika kemia jina hili lina ukweli kwa mbolea nyingi. Salfeti ya amonia ni chumvi. Ile ya kupandia iitwayo D.A.P. ni chumvi. Lakini urea, ambayo wakulima wengi wanaijua sana, si chumvi kabisa. Urea ni kitu kile kile kilichomo ndani ya mkojo wa ng'ombe na wa mwanadamu. Mwaka 1828 mtaalamu wa Kijerumani, Friedrich Wöhler, alikuwa akijaribu kutengeneza chumvi moja ya amonia katika chupa zake, na badala ya chumvi akapata urea. Watu wa wakati ule walistaajabu sana, maana walidhani kitu kama hicho hutoka katika mwili wa kiumbe hai tu. Basi mzee anayeikataa urea kwa kuogopa chumvi, huku anatandaza samadi ya zizi lake kwa furaha, analikataa jina tu. Kilichomo humo anakitumia kila mwaka.

Hata hivyo, Bwana Mhariri, sitaki msomaji afikiri kwamba nimeandika ili kumcheka Babu. Nilipomweleza mwalimu wetu kisa hiki, nilitegemea aseme kwamba Babu alikosea. Hakusema hivyo. Alisema Babu alikuwa na haki katika mambo mawili, na mimi ndiye niliyekosa.

Jambo la kwanza, ni kweli kwamba chumvi ya sodiamu huharibu ardhi. Sodiamu ikizidi katika udongo wa mfinyanzi, chembe za udongo huachana, huziba vijitundu vya kupitishia maji na hewa, na udongo ukikauka huwa kama saruji. Hiyo ndiyo ibambasi yetu. Babu ameiona kwa macho yake kabla sijazaliwa. Lakini ndani ya salfeti ya amonia hamna sodiamu. Na kuna ajabu zaidi: dawa moja ya ardhi ya namna ile ni jasi. Kalsiamu ya jasi huingia mahali pa sodiamu katika udongo, na maji yakipatikana ya kutosha huichukua sodiamu na kwenda nayo chini. Yaani ardhi iliyougua kwa chumvi moja huweza kutibiwa kwa chumvi nyingine. Mtu atalielewaje jambo hilo, ikiwa neno chumvi kwake lina maana moja tu?

Jambo la pili, ni kweli kwamba mbolea hizi zinaweza kudhuru zikitumiwa ovyo. Ukiiweka kavu juu ya mbegu au kuigusisha shina la mche, huvuta maji toka kwenye mmea, na mmea huungua. Salfeti ya amonia, ikitumiwa miaka mingi mfululizo bila samadi wala chokaa, huutia udongo uchachu, hasa udongo wetu wa kichanga tunaouita luseni. Kwa hiyo woga wa Babu haukuwa ujinga. Ulikuwa maarifa ya kweli yaliyoelekezwa kwenye mfuko usiohusika, na aliyeyaelekeza huko ni mimi, kijana wa sekondari, kwa neno moja nisilolifafanua.

Sasa maoni yangu. Wako wenzangu wasemao, "Maneno ya kemia tuyaache darasani kwa Kiingereza, tusiyachanganye na ya nyumbani, na taabu hii haitatokea." Mimi sikubali, na sababu zangu ni mbili. Kwanza, Waingereza wenyewe neno lao la chumvi ni lile lile moja, wanalitumia mezani na wanalitumia katika maabara. Taabu hii basi si ya Kiswahili. Ni ya kila lugha ambayo wataalamu wake walichukua neno la jikoni wakalipa kazi ya pili. Pili, mwanafunzi hawezi kuliacha neno darasani. Tunarudi nyumbani nalo, maana wazazi wetu wanatuuliza tumejifunza nini, na ni haki yao kuuliza. Wao ndio walipao sare na madaftari kwa fedha ya pamba na ya mahindi.

Wala tusiseme kwamba Kiswahili hakina maneno. Baraza la Kiswahili la Taifa liliundwa mwaka 1967, na moja ya kazi zake ni kusanifu istilahi. Mwaka 1990 Taasisi ya Uchunguzi wa Kiswahili ilitoa kamusi sanifu ya biolojia, fizikia na kemia. Maneno yapo. Lililopungua ni mazoea ya kuyatumia kwa ukamilifu.

Kwa hiyo nashauri mambo matatu.

Kwa wanafunzi wenzangu: mtu akitaja chumvi, tuulize, "Chumvi ya nini?" Na sisi tukiitaja, tuitaje kwa jina lake lote. Anayejua kusema salfeti ya amonia asiseme chumvi tu. Mtihani huweza kutupa alama kwa neno lililokaririwa, lakini shamba halitoi alama za namna hiyo.

Kwa walimu wetu, kwa heshima zote: mnapotufundisha neno ambalo nyumbani lina maana nyingine, tupeni dakika tano tu, kwa Kiswahili, mtuonyeshe mpaka wa maana hizo mbili. Si chumvi peke yake. Watu husikia kwamba chumvi ya dukani ina madini joto, wakadhani itawaongezea joto mwilini, kumbe ni iodini, inayotiwa ili kuzuia uvimbe wa shingo na kulinda akili za watoto. Chokaa nayo ni jina moja la vitu vitatu, kwa kuwa jiwe lake, chokaa iliyochomwa na ile iliyotiwa maji katika kemia ni mbalimbali.

Kwa wazazi na wauza pembejeo: tuliache jina la chumvichumvi. Tuseme mbolea ya dukani, au bora zaidi tuitaje kila moja kwa jina lake, maana hazifanani. Urea ina asilimia 46 ya naitrojeni, na salfeti ya amonia ina asilimia 21. Mtu akidhani zote ni chumvichumvi, atapima moja kwa kipimo cha nyingine, na atakula hasara mara mbili, ya fedha na ya mazao.

Namaliza kwa habari za nyumbani. Likizo ya Juni niliketi tena na Babu chini ya mti ule ule, na safari hii sikusimama mbele yake kama mhubiri. Nilimweleza habari za sodiamu, za jasi na za mkojo wa ng'ombe. Alisikiliza mpaka mwisho, kisha akasema, "Mwaka jana uliniambia ni chumvi. Mwaka huu unaniambia ni chumvi lakini si chumvi. Mwakani utaniambiaje?" Nikamwambia nitamwambia yale yale. Akacheka, akasema kwamba Baba anunue mfuko mwingine, lakini auweke katika mistari kumi tu, mbali na mashina, na mistari kumi ya pembeni aiache bila kitu, ili macho yake yaamue.

Mwalimu wetu aliposikia hayo alisema kwamba hata katika maabara hakuna njia bora ya kujaribu kuliko hiyo. Babu hakupata kusoma kemia, lakini anajua kupima neno kabla ya kulisadiki. Mimi niliyesoma ndiye niliyelichukua neno bila kulipima, na mfuko wa kwanza ungali ghalani, mgumu kama jiwe, kunikumbusha.

Wenu katika masomo,
Mwanafunzi wa Kidato cha Tatu.