Mwana wa Liyongo na Uvivu wa Wahakiki

Wahakiki wetu wamekariri mno kwamba mwana wa Fumo Liyongo alimwua babaye kwa tamaa ya kumwoa binti ya Sultani wa Pate. Usomaji huo ni wa kivivu. Katika utenzi wa Muhammad Kijumwa wa mwaka 1913, baba ni mtoro wa mwituni. Mwana amebaki mjini, mikononi mwa adui. Alipoulizwa kimwuacho, Liyongo alitambua kwamba kijana amehadaiwa, na bado akaitaja sindano ya shaba ya kitovuni. Hiyo ndiyo siri kuu aliyompa mwanawe! Madarasani tunauita ujasiri. Kisimani, maiti ikiwa imepiga goti na upinde mkononi, aliyeitwa kuibembeleza ni mama. Mwana huyu angejifunzia wapi kumbembeleza baba?