Rama Kizimbani: Dosari ya Kipimo cha Uaminifu katika Uhakiki wa Filamu za Kihindi

Wako wahakiki ambao, wakabiliwapo na filamu za Kihindi zilizotokana na tendi za Ramayana na Mahabharata, huuliza swali moja tu: je, mtengenezaji amekuwa mwaminifu kwa matini asilia? Akiongeza au akipunguza, huhukumiwa kuwa amepotosha. Kipimo hiki ni butu, na hakina budi kutupwa.

Kwanza, matini asilia ni ipi? Kisa cha Rama kilitungwa na Valmiki kwa Kisanskriti, kikatungwa upya na Kamban kwa Kitamil, na Tulsidas kwa Kiawadhi katika karne ya 16. Dadasaheb Phalke, aliyetoa Lanka Dahan mwaka 1917, aliingia tu katika msururu huo wa watunzi.

Pili, kipimo hiki humpofusha mhakiki. Vijay Bhatt alikisawiri kisa cha Sita kufukuzwa na Rama katika Ram Rajya (1943). Miaka minane baadaye Raj Kapoor alitoa Awaara, filamu iliyopendwa mno Zanzibar, ambayo si ya kisasili. Hata hivyo, jaji anayemfukuza mkewe mjamzito, kwa kuwa alitekwa na jambazi, anaitwa Raghunath, jina mojawapo la Rama. Na mke huyo atupwapo nje, waimbaji wanaimba mateso ya Sita. Filamu yenyewe inafunguka mahakamani, Raghunath akihojiwa na wakili wa kike. Rama amepandishwa kizimbani. Je, huo ni upotoshaji au ni uhakiki wa utendi wenyewe?

Tatu, pana undumakuwili. Utendi wa Tambuka (1728) unatokana na masimulizi ya Kiarabu ya vita vya Waislamu na Warumi, nao husifiwa, kwa haki, kuwa kilele cha ubunifu wa Kiswahili. Kwa nini kinachomstahilia mtunzi wa Pate kiwe hatia kwa mtengenezaji filamu wa Bombay?

Madhara ya kipimo hiki hayaishii kwenye sinema. Visasili hufundishwa katika shule za Kenya. Mwanafunzi wa Siakago, huko Mbeere, akiaminishwa kwamba kisasili kina umbo moja sahihi, atamsikiliza nyanyake akimhesabia makosa, ilhali kila usimulizi ni utunzi.

Mhakiki na aulize kisa kimebadilishwa wapi, na badiliko hilo linamtetea nani.