MAKALA YA JIKO LETU NA MLIMA KAHUZI



Mwezi uliopita kamati ya wanafunzi iliombwa kutoa shauri: safari ya kutembelea Mbuga ya Kahuzi-Biega ibaki katika programu ya shule yetu, ao iondolewe? Wengi walisema iondolewe, na walileta sababu tatu. Ya kwanza, franga ya kamiyo na ya kiingilio ni mingi, na wazazi wanahangaika. Ya pili, tangu vita vilipofika Bukavu katika mwezi wa pili wa 2025, hakuna mzazi anayelala vizuri mtoto wake akiwa mbali na nyumba. Ya tatu, tulipokwenda mara ya mwisho, mwezi wa tano 2024, hatukuona gorila hata mmoja. Ndugu mmoja alisimama akasema: «Tulilipa juu ya kuangalia majani. Majani iko hata hapa nyuma ya darasa.» Watu walicheka sana, na sisi pia tulicheka.

Sisi watatu tunaoandika tulikuwa katika safari ile. Juu ya vita tunakubali: mtu asipeleke watoto barabarani mpaka njia iwe salama. Juu ya franga tutasema mbele. Lakini ile sababu ya tatu tunaikataa, na tunapenda kueleza kwa nini.

Tuliondoka siku ya posho asubuhi sana, baada ya maombi. Kamiyo ilipita Miti, ikaacha barabara ya Katana, ikapanda kati ya mashamba ya chai mpaka Tshivanga, pale kunapoingiliwa mbuga. Baridi ilikuwa kali. Wenye koti walisifiwa. Kiongozi wetu alikuwa mzee wa makamo, mwenye buti na fimbo. Pamoja naye alikuwa mwenye kufuata nyayo, Mutwa, aliyetangulia na panga. Kiongozi alitupa sheria mbele ya kuingia: kutembea mustari mmoja, kutotupa kitu, kutopiga kelele. Alisema pia kwamba bei yetu ni ya kutembea mu msitu tu. Kuona gorila kuna bei yake nyingine na masharti yake. Kwa hiyo hakutudanganya. Ni sisi wenyewe tuliotumaini bure.

Katika mianzi alisimama, akatuonyesha majani yaliyokunjwa chini sawa kitanda. «Batoto, muangalie hapa. Hii njo kitanda ya gorila. Alilala hapa jana. Leo atajenga ingine, hawezi kurudia hii.» Alitufundisha kwamba gorila anapenda chipukizi za mianzi, na kwamba gorila huyu, anayeitwa gorila wa Grauer, hapatikani popote duniani isipokuwa katika mashariki ya Congo yetu. Mbele yetu tuliona kilele cha Kahuzi, metre 3,308, halafu wingu likakifunika. Biega, ndugu yake, ana metre 2,790.

Alitueleza pia historia. Mbuga ilianzishwa mwaka 1970, kwa bidii ya Mbelgiji mmoja, Adrien Deschryver, aliyewazoeza gorila kuona watu. Wakati ule ilikuwa hekta 60,000. Mwaka 1975 ikapanuliwa mpaka hekta 600,000, kushuka ngambo ya magharibi katika msitu wa chini. Mwaka 1980 UNESCO iliiandika katika urizi wa dunia yote, na mwaka 1997 ikaiandika tena katika orodha ya vitu vilivyo hatarini. Katika vita vya miaka ile tembo wa sehemu ya milimani waliuawa karibu wote. Gorila wa sehemu hiyo, waliohesabiwa zaidi ya 250 mwaka 1990, walipohesabiwa tena mwaka 2000 walikuwa karibu 130 tu.

Hayo yote tuliyaandika katika kaye zetu. Lakini somo lenyewe tulilipata wakati wa kurudi.

Tulipokuwa tunatelemka, tulikuta njiani wamama na vijana wenye kubeba magunia ya makala. Kamba ilikuwa imefungwa kwenye paji la uso, mgongo umeinama, jasho linatoka hata katika baridi ile. Tulikuwa juu ya kamiyo tukiimba. Wengine kati yetu walianza kupiga kelele: «Waharibifu! Wezi wa msitu!» Kiongozi, aliyekuwa ameomba tumfikishe Miti, alitunyamazisha kwa mkono. Akasema: «Musiwatukane. Mwenye kubeba hakuna penye anapeleka kama hakuna mwenye kununua. Ninyi kwenu munapikia nini?»

Hakuna aliyejibu. Wimbo ulikwisha pale.

Juma lililofuata tulikwenda jikoni ya shule. Tulimsalimu mama mpishi, tukamwuliza: «Mama, makala haya yanatoka wapi?» Akasema: «Yanatoka ku soko, batoto yangu.» Tukauliza: «Na ku soko yanatoka wapi?» Akacheka: «Eh! Munataka nifungwe? Yanatoka kule juu, kila mutu anajua.»

Ndiyo, kila mutu anajua. Si yote yatokayo mbugani. Mengine ni ya mikaratusi ya mashamba ya watu. Lakini gunia halina alama, na sisi hatukuuliza hata siku moja.

Basi tulifanya hesabu, kama mwalimu wetu wa fizika anavyopenda. Tulipima gunia moja katika depo: kilo 50. Jiko letu linakula magunia mawili kwa juma. Katika majuma 36 ya masomo ni magunia 72, maana yake kilo 3,600. Sasa, mwenye kuchoma makala katika tanuru ya udongo anapoteza mti mwingi: kwa kilo moja ya makala anahitaji kilo tano za kuni, mara nyingi mpaka kumi. Tukichukua ile hesabu ndogo ya tano, shule yetu moja inachoma tani 18 za miti kwa mwaka. Tukichukua kumi, ni tani 36. Na shule katika Bukavu ni ngapi? Na nyumba ni ngapi?

Kwa hiyo tunamjibu ndugu yetu aliyesema kwamba tulilipa kuangalia majani. Rafiki, majani yale unayala. Unakula maharagi, na chini ya chungu ndiko msitu unakoishia. Sisi si wageni wa Kahuzi. Tunaingia mule kila siku bila kulipa kiingilio, bila kiongozi, na bila kufuata mustari.

Tulipoleta mawazo haya katika darasa, mwenzetu mmoja alinyamaza muda mrefu, halafu akasema: «Minervale yangu inatoka mu makala. Mama yangu njo anabeba.» Tuliona haya kubwa, juu tulikuwa tumetukana watu kama mama yake kutoka juu ya kamiyo. Hatuandiki hapa kwamba biashara ile ni nzuri. Inaua msitu, na sheria inaikataza ndani ya mbuga. Lakini tumeona kwamba ni urahisi kumhukumu mwenye mzigo mgongoni kuliko kujihukumu mwenyewe ukiwa na sahani mkononi. Mwenye kununua ndiye wa kwanza kubadilika, kwa maana yeye ana nafasi ya kuchagua, na yule mama hana.

Kuna jambo lingine ambalo haifai kulificha. Tulipokuwa tunakula mkate karibu na mto mdogo, tulimwuliza yule Mutwa kama anaishi karibu. Alisema: «Baba yangu alizaliwa humu ndani. Mimi ninaingia juu ya kazi, na mangaribi ninatoka.» Hakusema zaidi. Baadaye tulisoma. Katika miaka ya 1970, mbuga ilipofungwa na kupanuliwa, Batwa walitolewa katika msitu wa wazee wao, bila kupewa udongo mwingine. Na hao ndio waliojua nyayo za gorila na kuongoza wageni wa kwanza. Mwaka 2024 ilitangazwa hukumu ya Tume ya Afrika ya Haki za Binadamu na za Watu, kwamba Serikali ilivunja haki zao.

Tufikiri basi. Wale waliokaa katika msitu ule, na msitu ukabaki umesimama, walifukuzwa ili msitu ulindwe. Na sisi watu wa mji, ambao hatujui hata jina la mti mmoja wa mule, tunautoa gunia kwa gunia. Siku ya yenga tunasimama katika kanisa na kumshukuru Mungu kwa uumbaji. Katika Mwanzo sura ya 2 Adamu alipewa kazi mbili katika bustani: kulima na kulinda. Hakupewa kazi ya tatu ya kumwachia mwingine zote mbili.

Tunajua watu wazima watasema: watoto wanasema tu. Kwa hiyo tunaleta mambo matatu ambayo shule inaweza kufanya, hata kabla ya safari nyingine.

1. Jiko. Maharagi yalowekwe katika maji usiku kucha, vyungu vifunikwe, na mbabula zetu za chuma zibadilishwe kwa zile zenye udongo ndani, ambazo zinashika moto muda mrefu. Kulowesha maharagi hakuombi hata franga moja. Sisi wa darasa la tano tunajitolea kuyalowesha kila mangaribi, kwa zamu, ili isiwe mzigo mwingine kwa mama mpishi.

2. Miti. Kilima cha nyuma ya shule kina majani tu, yale yale ndugu yetu aliyoyasifu katika mkutano. Tupande gerevilea na mikaratusi, mikaratusi iwe mbali na chemchemi kwa kuwa inakunywa maji mengi. Sisi tunaoandika hatutapika na miti ile. Tutakuwa tumeisha kutoka shuleni. Wadogo zetu watapika nayo.

3. Safari. Ibaki katika programu, na siku njia itakapokuwa salama, tuende. Lakini isiwe tena safari ya wenye franga peke yao. Mwaka 2024 tulikwenda 34. Waliobaki nyuma kwa kukosa bei walikuwa wengi kuliko sisi, na mwenzetu wa minervale ya makala alikuwa kati yao. Yeye ambaye mama yake anaujua msitu ule kuliko sisi wote hakupata nafasi katika kamiyo! Tuweke kisanduku, kila mutu atie kidogo kila mwezi, na tuende darasa zima ao tusiende. Na hata sasa, kabla ya njia kufunguka, tumwalike mzee mmoja wa Batwa aje kutufundisha hapa shuleni, na tumlipe kama mwalimu yeyote anavyolipwa.

Bwana Prefe, tunajua kwamba bei ya mbabula mpya ni kazi ya ofisi yako na ya wazazi. Hatukuamrishi, tunakuomba. Lakini maharagi hayangoji mkutano. Tukiruhusiwa, tutaanza juma lijalo, siku ya kwanza mangaribi, mbele ya etude.

Na ndugu yetu mwenye kuchekesha watu tunamwalika naye. Aje na ndoo.

Sisi wanafunzi watatu wa darasa la tano