Muuguzi wa Serikali Asikilizwe Wapi?

Tuwachukulie wauguzi wawili wa wodi moja katika hospitali ya Wamoravian ya Mbozi Mission, huko Songwe. Mmoja ameajiriwa na kanisa. Mwenzake ni mtumishi wa umma aliyepelekwa pale na serikali, kama ifanyikavyo katika hospitali nyingi za mashirika ya dini. Wote wakifukuzwa kwa tuhuma ya utoro kazini, sheria inawatenganisha siku hiyohiyo.

Wa kanisa ana siku 30 kupeleka shauri lake Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, CMA. Usuluhishi ukishindikana, mwamuzi anasikiliza mashahidi na kupima mambo mawili: je, sababu ilikuwa ya haki, na je, utaratibu ulifuatwa? Wa serikali hapiti hapo. Marekebisho ya mwaka 2016 yaliingiza kifungu cha 32A katika Sheria ya Utumishi wa Umma, kikimtaka amalize kwanza njia zilizomo ndani ya sheria hiyo kabla ya kugeukia sheria za kazi. Mwaka 2022, katika shauri la Shirika la Posta dhidi ya Dominic Kalangi, Mahakama ya Rufani ilisema migogoro ya nidhamu ya watumishi wa umma ni ya Tume ya Utumishi wa Umma, na rufaa kutoka huko huenda kwa Rais. CMA haina mamlaka.

Rais akishaamua, kinachobaki ni mapitio ya Mahakama Kuu. Hapa wengi hupotea, wakidhani wanakata rufaa. Jaji wa mapitio haulizi kama muuguzi alikuwa mtoro kweli. Anauliza kama alipewa hati ya mashtaka, kama alijitetea, kama aliyemfukuza alikuwa na mamlaka hayo. Akikuta kasoro anaufuta uamuzi, na mara nyingi mwajiri anaweza kuanza upya. Hata kufika kwa jaji huyo kuna ngazi: kwa kanuni za mwaka 2014, unaomba kwanza kibali ndani ya miezi 6, ukikipata unafungua maombi yenyewe ndani ya siku 14. Kwa mtu ambaye mshahara umeshakatwa, na wakili anataka fedha mkononi, huo ni mlima.

Mapitio yenyewe nayatetea kwa moyo wote. Ni kwa njia ya mahakama kwamba Jaji Mwalusanya, katika kesi ya James Gwagilo iliyoripotiwa mwaka 1994, alisema hata Rais anapomstaafisha mtumishi kwa manufaa ya umma lazima atoe sababu. Na tumeona gharama ya kuamua kwa orodha. Aprili 28, 2017, Rais Magufuli alikabidhiwa majina ya watumishi 9,932 waliodaiwa kuwa na vyeti vya kughushi, akataka waondoke kabla ya katikati ya Mei. Serikali ilikuwa na hoja nzito. Hakuna mgonjwa anayestahili kuchomwa sindano na mtu aliyeghushi taaluma. Lakini baadhi ya waliotajwa walikuja kuonekana wana vyeti halali. Hao walipaswa kusikilizwa kabla ya kufukuzwa.

Ila mapitio hayawezi kubeba mzigo ambao hayakuumbiwa. Mtumishi aliyesingiziwa utoro, huku daftari la mahudhurio likiwa na saini yake, hahitaji jaji wa kukagua barua. Anahitaji mtu wa kulifungua daftari. Tume ya Utumishi wa Umma inaweza kulifungua, lakini nayo ni chombo cha utumishi huohuo uliomfukuza, na juu yake yupo Rais, ambaye ndiye mkuu wa utumishi wote.

Kwa maoni yangu kifungu cha 32A kinastahili kuandikwa upya. Kilimtaka mtumishi amalize kwanza njia za ndani. Hakikutamka kwamba akishazimaliza asigeukie sheria za kazi, ingawa Mahakama ya Rufani imemfungia mlango wa CMA. Kenya nayo inamtaka mtumishi apitie Tume yake, lakini baada ya hapo Mahakama ya Ajira na Mahusiano ya Kazi inaweza kuupima ushahidi wenyewe. Bunge letu linaweza kutamka vivyo hivyo: Tume iamue ndani ya muda uliowekwa na itoe sababu kwa maandishi, kisha asiyeridhika aende Divisheni ya Kazi ya Mahakama Kuu, ushahidi usikilizwe, bila kuomba kibali. Rufaa kwa Rais ibaki kwa wale aliowateua yeye mwenyewe.

Wapo watakaosema serikali itazidiwa na kesi. Nadhani kesi nyingi zingekwisha mapema zaidi, kwa sababu kamati ya uchunguzi inayojua kwamba ushahidi wake utafunguliwa mbele ya jaji huukusanya vizuri tangu siku ya kwanza.