Aliyesemewa: Mwigizaji wa Kike katika Filamu za Vugiri

Historia ya sanaa za maonyesho katika Tanzania imeandikwa kwa mapana kuhusu ngoma, ngonjera na tamthilia, lakini filamu za kipindi cha ukoloni zimeguswa kwa nadra. Katika uchache huo, aliyesahauliwa zaidi ni mwigizaji wa kike. Hoja ya makala haya ni kwamba kusahauliwa huko ni suala la lugha kama lilivyo suala la historia, na kwamba idara za Kiswahili zina wajibu wa kulishughulikia.

Baina ya mwaka 1935 na 1937, mradi wa sinema ya elimu ulioongozwa na L. A. Notcutt na G. C. Latham, kwa fedha za Shirika la Carnegie la New York, ulitengeneza filamu zaidi ya 30. Makao yake yalikuwa Vugiri, katika milima ya Usambara. Picha zilipigwa bila sauti. Maelezo yalitiwa baadaye katika santuri, kwa Kiswahili na lugha nyingine. Miongoni mwa filamu hizo ilikuwamo moja kuhusu malaria ya watoto wachanga, na ni vigumu kuifikiria bila mama. Hata hivyo, jina la mama huyo halikuingia katika historia.

Filamu za namna hii huitwa filamu bubu. Istilahi hiyo yafaa kutazamwa upya, kwani filamu yenyewe ilisema. Aliyekuwa bubu ni mwigizaji. Kauli ya kutendewa inaieleza hali yake barabara: hakusema, alisemewa. Hali kadhalika, katika jamii za Waswahili kuitwa "Mama Fulani" ni heshima, kwa sababu huyo Fulani anajulikana. Mama wa filamu alibakiwa na neno "mama" peke yake, pasipo Fulani wa kumtambulisha.

Mifano miwili inatosha kuonyesha jinsi majina yanavyosalimika. Rashidi Kawawa aliigiza katika *Muhogo Mchungu* mwanzoni mwa miaka ya 1950, na uigizaji wake unakumbukwa hasa kwa kuwa mwaka 1962 alikuwa Waziri Mkuu. Nchini Marekani, Evelyn Preer, aliyefariki mwaka 1932, aliigiza katika filamu bubu za Oscar Micheaux. Nakala ya mojawapo, *Within Our Gates* ya mwaka 1920, ilipatikana Hispania baada ya kudhaniwa kuwa imepotea. Lakini jina la Preer lilikuwa limekwisha kuhifadhiwa na magazeti ya Wamarekani Weusi. Mwanamke wa Vugiri hakuwa na cheo wala gazeti.

Huenda ikadaiwa kwamba mtu aliyeigiza mara moja au mbili hana maisha ya sanaa ya kuchunguzwa. Dai hilo lina udhaifu, kwani laupima mchango wa msanii kwa nafasi alizonyimwa. Aidha, filamu chache zimesalia nchini Uingereza, ikiwemo ile ya mwaka 1936 kuhusu mashamba ya Kingolwira, karibu na Morogoro. Matini ya kuchunguzwa ipo.

Linalotakiwa ni kuzirudisha picha hizo kwa watu. Kutoka Morogoro reli ya kati yaelekea Dodoma, na huko mtaa wa Majengo, wenye soko na wakazi wa asili mbalimbali waliounganishwa na Kiswahili, ungekuwa mahali pazuri pa kuanzia. Chuo Kikuu cha Dodoma, kilichoanzishwa mwaka 2007, kina wanafunzi wanaoweza kuzionyesha filamu, kisha kunyamaza na kusikiliza. Aliyekuwa na umri wa miaka 15 mwaka 1935 angekuwa sasa amepita miaka 100. Waliobaki ni watoto na wajukuu. Mmoja wao akiutambua uso na kutaja jina, mwigizaji huyo atakuwa amepata Fulani wake. Wajukuu nao wakiondoka bila kuulizwa, wanataaluma watabaki wakimsemea, kama ilivyofanya santuri.