Leseni Isiwe Fimbo ya Mwenye Nyumba



Katika mji wetu wa Lushoto, kama ilivyo Soni, Mlalo na Bumbuli, fremu ya duka ndiyo shamba la asiye na shamba. Mshonaji, kinyozi na mama wa mgahawa hula kwa jasho lao, lakini chini ya paa la mtu mwingine. Je, wakikosana na mwenye paa?

Sheria ya Leseni za Biashara ya mwaka 1972 hufunga leseni na mahali maalumu. Hivyo mwombaji hudaiwa uthibitisho wa mahali, na kwa mpangaji uthibitisho huo ni mkataba wa pango. Utaratibu huo si mbaya. Ubaya huanza pale mkataba unapokwisha huku pande mbili zikibishana juu ya kodi mpya, matengenezo, au ile kodi ya zuio ya asilimia 10 ambayo mpangaji mfanyabiashara hutakiwa kuikata katika pango na kuiwasilisha serikalini. Mwenye nyumba hukataa kutia sahihi. Afisa akisema, "Hakuna mkataba, hakuna leseni," duka limekwisha kufungwa.

Tunauliza: nani amehukumu shauri hilo? Ibara ya 13 ya Katiba ya mwaka 1977 humpa kila mtu haki ya kusikilizwa. Sheria ya mwaka 2002 iliweka Mabaraza ya Ardhi na Nyumba ya Wilaya. Na Baraza la Kata, ambalo tangu mwaka 2021 limebaki na kazi ya usuluhishi, lipo kuwapatanisha wagombanao. Meza ya leseni si baraza. Afisa anayedai kwamba haingilii ugomvi ameuingilia tayari: amemkabidhi mmoja ufunguo.

Na mnyonge huyu hana tena ngao aliyokuwa nayo. Sheria ya Kudhibiti Kodi za Nyumba ya mwaka 1984 ilifutwa mwaka 2005. Tangu hapo kodi ni mapatano, na katika mapatano mwenye njaa hukubali haraka.

Hatusemi kwamba mwenye nyumba hana haki. Wako wajane wanaoishi kwa kodi ya chumba kimoja, na mpangaji anayekaa bila kulipa ni mdhulumaji. Lakini leseni si hati ya nyumba. Humruhusu mtu kufanya biashara. Haimzuii mwenye nyumba kwenda barazani na kupata amri ya kumtoa.

Basi tunadai haya. Mpangaji anayeonyesha mkataba wake wa awali, stakabadhi za kodi na ushahidi kwamba shauri lake liko barazani, apewe leseni hadi shauri liamuliwe. Anayekataliwa apewe sababu kwa maandishi. Nanyi wapangaji, msikubali mapatano ya mdomo. Lipeni kodi hata mkiwa katika ugomvi, na daini stakabadhi. Mali bila daftari hupotea bila habari.

Tumkumbuke Naboti. Kabla ya kupigwa mawe na kunyang'anywa shamba lake la mizabibu, ziliandikwa barua, zikapigwa muhuri wa mfalme. Kila mwenye muhuri mezani pake ajiulize leo anaupiga kwa ajili ya nani.